Nyuzi Mbili na Nusu

Ofisi ya Michoro
Tarehe 4 Machi

Mdogo wangu Sindano,

Nimepokea shikamoo zako zote tatu, marahaba kwa zote. Barua hii haipiti posta. Nimempa dereva wa lori la vipuri, yule mwenye pengo, anayekuja uwanjani kwenu kila wiki. Ameapa hataisoma, na namwamini kwa sababu aliishika juu chini. Basi nitasema yaliyo moyoni, nawe unijibu kwa njia hiyo hiyo, maana wakaguzi wa barua wangeifuta yote wakabakiza salamu.

Huku ofisini tuna vita yetu wenyewe. Unakumbuka nilivyokuonyesha kwa jalada la daftari kwamba bawa la ndege yetu ya kivita limesokotwa kidogo? Ncha imeinama kuliko shina, pale bawa linapoungana na mwili wa ndege, kwa pembe ya nyuzi mbili na nusu tu, huwezi kuona kwa macho. Rubani akivuta usukani kupita kiasi, shina ndilo linaloachia hewa kwanza. Ndege inatetemeka, kiti kinamtikisa, yeye anajua amezidisha na analegeza. Ncha bado imeshika. Bila msokoto huo ncha ndiyo inayoachia kwanza, tena bila kubisha hodi, na ndege inalala chali.

Tatizo ni kwamba bawa lililosokotwa linakaa siku kumi na moja kwenye fremu ya kuundia. Lililonyooka linakaa sita. Wakubwa wanataka ndege mara mbili ya zile za mwaka jana, na Mkuu wa Michoro ameshaandaa karatasi ya kuondoa msokoto. Imebaki sahihi ya mkaguzi wa hesabu, yaani mimi. Nimekataa mara mbili. Sasa ananiita mama mkwe wa bawa, na ofisi nzima inacheka.

Unamaliza mafunzo mwezi huu. Niambie wamekupangia ndege gani. Usinizungushe, mimi ndiye niliyekufundisha kusema uongo ulipovunja kioo cha jirani.

Dada yako,
Rula


Uwanjani
Tarehe 15 Machi

Dada Rula, shikamoo.

Tuliza roho. Nimepangiwa ndege ya mizigo. Ina injini mbili, tumbo kubwa, na mwendo wa mtu aliyeshiba. Nabeba dawa, barua, blanketi, na mara moja nilibeba viti vya meno vya hospitali. Wenzangu wananicheka kwamba mimi ni mchukuzi mwenye leseni. Mabomu nayasikia kwenye redio kama wewe.

Mwenzangu wa chumba, yule tunayemwita Mpole, ndiye aliyepata hiyo ndege yenu ya kivita. Anaipenda mpaka anakera. Akila anaizungumzia, akinyoa anaizungumzia. Fundi wetu wa ndege, Grisi, amemwambia akaoe.

Mwambie Mama asitangaze mtaa mzima kwamba mimi ni shujaa. Mwambie nabeba blanketi.

Mdogo wako,
Sindano


Ofisi ya Michoro
Tarehe 22 Machi

Mdogo wangu,

Nilisoma barua yako nikiwa nimesimama mlangoni, nikakimbia kumwambia Mama. Mama amesikitika kidogo kuhusu blanketi, lakini ameshapata la kusema: kwamba bila wewe wagonjwa wangekufa kwa baridi.

Nina jambo la kukueleza, na naona bora ulisikie kwangu. Nimetia sahihi.

Mkuu alikuja na Mkurugenzi mwenyewe. Walileta hesabu ya watu wetu wanaouawa chini kwa sababu angani hakuna ndege za kutosha kuwakinga. Ni watu wengi, Sindano. Wakasema rubani mwenye mafunzo atazoea. Nilipoendelea kubisha, wakakubali nami niandike ukurasa wa onyo uingie kwenye kitabu cha rubani: usivute kwa nguvu ukiwa na mwendo mdogo, hasa unapopinda kuja kutua. Niliuandika pale pale, maneno machache, wazi.

Halafu nikashika kalamu. Nisikufiche, nilijiuliza swali moja tu kabla ya kutia sahihi: je, mdogo wangu anapanda hii? Jibu likawa hapana. Nikatia. Nilikula vizuri mchana ule, na leo ndiyo naanza kuona aibu ya kula vizuri.

Niandikie kuhusu mizigo yako, hata kama haina mvuto.

Rula


Uwanjani
Tarehe 19 Aprili

Dada, shikamoo.

Samahani kwa kimya. Mizigo imekuwa mingi na nilipata mafua.

Mpole ana swali, na kwa kuwa ana haya ameniomba nikuulize mimi. Wiki iliyopita alikuwa anapinda kushoto kwa mwendo mdogo. Anasema hakukuwa na dalili yoyote. Usukani ulilegea mkononi ghafla, kama umekatika waya, na bawa la kushoto likadondoka. Alijikuta anatazama ardhi kupitia paa la kioo. Bahati alikuwa juu sana, akaweza kujinyoosha. Alipotua, magoti yake hayakutaka kushuka kwenye ndege, ikabidi ajifanye anakagua vipimo vya mafuta mpaka yatulie.

Anauliza afanye nini ili ajue mapema. Amejaribu kusikiliza sauti ya upepo lakini injini inafunika kila kitu. Naomba umjibu haraka.

Mama hajambo?

Sindano


Ofisi ya Michoro
Tarehe 24 Aprili

Mdogo wangu,

Mwambie Mpole mambo matatu. Asishuke chini ya mwendo ulioandikwa kwenye ukurasa wa onyo. Bawa likidondoka, asilinyanyue kwa kulaza usukani upande wa pili, kwa sababu atalimaliza kabisa. Asukume usukani mbele kwanza, ndege ishike mwendo. Tatu, achukue uzi wa sufu, akate vipande vya urefu wa kidole, avigundishe juu ya bawa karibu na ncha, upande anaoweza kuuona akiwa amekaa. Sisi hufanya hivyo kwenye majaribio. Hewa ikiwa imeshika, vipande vinalala kuelekea nyuma. Vikianza kucheza na kusimama, ncha inakaribia kuachia. Ni macho yake ndiyo yatakayombishia hodi, maana bawa halibishi tena.

Hayo ni ya Mpole. Sasa ni yako.

Rafiki yako amekusimulia vizuri mno. Mtu hawezi kusimuliwa magoti; huyajua mwenye nayo. Nimesoma barua yako mara nne, na jana nilishuka ghalani nikaomba kuona daftari la ndege zilizotoka. Kumi na mbili zenye mabawa yaliyonyooka zimekuja uwanjani kwenu. Kisha nikamuuliza dereva wa lori, kwa utani tu, ni ndege gani kubwa za mizigo zinazotua pale. Akasema hajawahi kuona hata moja.

Sitaki kuandika ninachofikiri. Andika wewe.

Rula


Uwanjani
Tarehe 6 Mei

Dada,

Mpole amekufa. Tulimzika Jumanne.

Alikuwa nyuma yangu tunakuja kutua. Mimi nilipinda kwa upana, kama ulivyoelekeza. Yeye alikuwa na mafuta machache, akakata kona. Niligeuza kichwa kumtafuta, nikaona tumbo la ndege yake mahali panapotakiwa kuwa mgongo. Hakuwa na kimo cha kujinyoosha.

Ndiyo, Dada. Hakuna ndege ya mizigo. Haijawahi kuwapo. Ndege yangu ni ya kivita, namba saba, na bawa lililodondoka lilikuwa langu, na magoti pia. Nilikudanganya kwa sababu barua yako ya kwanza ilikuwa na hofu tupu, nikasema nikupe usingizi. Sikujua kwamba uongo wangu utawekwa kwenye mizani pamoja na kalamu yako. Barua yako ya pili ilipofika, ile ya kula vizuri, niliisoma nikiwa nimevaa parashuti. Nilitaka kukuandikia ukweli siku hiyo hiyo. Nikaona nitakuua, nikanyamaza. Nikamwazima Mpole jina lake kwa swali langu, na yeye akacheka, akaniambia sawa.

Ile sufu niligundisha kwangu na kwake. Kiongozi wa kikosi aliona vipande vyangu akasema hizi ni ndege, si mashuka ya kudarizi. Akaamuru vitolewe vyote. Grisi alivitoa vya Mpole kwanza. Vyangu alivirudisha kisirisiri vipande viwili, rangi ya kijivu.

Na ukurasa wako wa onyo hatuna. Nimefungua vitabu vyote kumi na viwili. Hakuna. Kwa hiyo taarifa ya kifo cha Mpole imeandikwa: kosa la rubani. Ndivyo alivyoambiwa mama yake.

Sikulaumu peke yako. Tumefanya hivi wawili. Lakini sahihi ni yako, na ni wewe tu unayeweza kusema.

Sindano


Nyumbani
Tarehe 11 Mei

Mdogo wangu,

Nakuandikia nyumbani kwa sababu ofisini siruhusiwi kuingia.

Baada ya barua yako nilikwenda moja kwa moja kwa Mkuu wa Michoro. Nikamuuliza ukurasa wangu uko wapi. Akasema uko kwa mpiga chapa tangu Machi, karatasi zimeadimika. Alisema hivyo kwa upole, kama mtu anayeeleza kuchelewa kwa mkate. Nikamwambia nataka kufuta sahihi yangu. Akajibu kwamba sahihi haifutiki, ndege arobaini zimeshafuata.

Ipo kanuni ya zamani hapa kiwandani, labda hujawahi kuisikia. Kila mkaguzi amepewa vibao vyekundu vyenye namba yake. Akitundika kibao kwenye fremu, kazi ya fremu hiyo inasimama, na hakuna anayeruhusiwa kukitoa ila aliyekitundika. Kwa miaka tisa nimetundika kibao mara mbili, na mara zote ni kwa ribiti mbovu, zile pini za kuunganishia bati. Juzi saa tatu asubuhi nilishuka kwenye ukumbi wa mabawa na vibao sita. Nikatundika kwenye fremu zote sita zilizonyooka. Kelele zilizima moja moja mpaka nikaanza kusikia viatu vyangu. Mafundi mia mbili walisimama wakinitazama. Bibi mmoja wa ribiti alivua miwani yake akaniuliza kama nina akili timamu. Nikamwambia leo ninazo.

Wanajeshi walinichukua. Nilikaa chumbani na maafisa watatu kutwa nzima. Waliuliza nani amenituma, ninapokea barua kutoka wapi, naegemea upande gani. Nikawaambia nilitia sahihi kwa sababu nilidhani mdogo wangu hayumo, na kwamba kama angekuwemo nisingetia, na hiyo ndiyo hitilafu ya hesabu yangu. Mmoja aliacha kuandika. Mwingine akauliza mdogo wangu ni rubani namba ngapi. Nikamwambia aulize kwanza ukurasa wa onyo uko wapi.

Wamenirudisha nyumbani mpaka waamue. Mama anajua yote sasa, isipokuwa ndege yako. Kila nikifungua mdomo nimwambie, anaanza habari ya blanketi.

Nakuomba kitu kimoja na sijali ukinidharau. Ugua. Mpigie magoti daktari, jimwagie maji, vunja kidole. Usipande mpaka niseme.

Dada yako


Uwanjani
Tarehe 17 Mei

Dada, shikamoo.

Siwezi kuugua. Nikiugua, namba saba atapewa mwingine, na huyo mwingine naye ana dada. Kwenye foleni yupo mmoja tunayemwita Bibi Harusi kwa jinsi anavyojipamba kabla ya kuruka. Ana saa kumi na tisa tu za kurusha ndege hii. Mimi nina mia na kumi. Bawa likimdondokea yeye, hatakuwa hata na muda wa kushangaa.

Habari za vibao vyako zimefika kabla ya barua. Dereva amezisambaza, ametia chumvi kidogo, anasema ulimpiga afisa. Grisi amenipa mkono. Kiongozi wa kikosi aliniita, nikajua nimekwisha, lakini aliniuliza tu ile sufu inagundishwaje. Sasa ndege zote zinayo.

Nimekuwekea orodha yetu, sote kumi na mbili pamoja na Bibi Harusi, anayesubiri ndege ya kuziba pengo la Mpole, na saa za kila mmoja. Ukija kupewa nafasi ya kuamua chochote, tumia orodha hiyo. Mimi usinitazame. Mara ya kwanza ulinitazama mimi tu, ona tulipofika.

Sindano


Ofisi ya Michoro
Tarehe 30 Mei

Mdogo wangu,

Nimerudishwa kazini. Rubani wa majaribio, mzee ambaye hapendi mtu yeyote, alichukua ndege yenye mabawa yaliyonyooka akapanda juu kabisa, akafanya ile kona ya Mpole. Ndege ilirudi vipande vipande, yeye akarudi kwa parashuti. Aliingia ofisini kwetu anachechemea, akamwekea Mkuu kishikio alichovuta kufungua parashuti juu ya meza, akaondoka. Siku hiyo hiyo msokoto umerudishwa.

Fremu za zamani zilikuwa zimevunjwa, zimebaki nne tu. Kwa hiyo tunatoa jozi nne kila baada ya siku kumi na moja, na kikosi chenu kimepewa nafasi ya kwanza. Mkurugenzi alinitazama kwa hasira akasema: wewe ndiye uliyetundika vibao, wewe ndiye utakayegawa.

Jana nilisimama na brashi ya rangi mbele ya kreti nne, masanduku ya mbao yenye mabawa, niandike namba za ndege zitakazoyapata. Namba saba ilikuwa kichwani kwangu toka nilipoamka. Hakuna ambaye angeuliza. Fundi wa kreti aliniambia, "Andika ya ndugu yako, mama, sisi hatujaona kitu," akageuka, akawaashiria wenzake nao wageuke wasitazame.

Sikuiandika. Nilichukua orodha yako, nikaandika namba za wenye saa chache zaidi, Bibi Harusi wa kwanza. Wewe uko kwenye kundi la tatu. Siku ishirini na mbili baada ya hizi. Nimekuacha nyuma, Sindano, kwa mkono wangu, na safari hii nilijua vizuri ninachofanya. Nikaenda nyuma ya ghala nikalia.

Sema chochote.

Rula


Uwanjani
Tarehe 3 Juni

Dada,

Kreti zimefika. Umefanya vizuri. Sina neno.

Sindano


Ofisi ya Michoro
Tarehe 14 Juni

Mdogo wangu,

Hii ni barua ya tatu tangu lile jibu lako la mstari mmoja. Dereva anasema alikukabidhi zile mbili mkononi na kwamba ulikuwa mzima, ila hukusimama kuzungumza.

Kundi la pili liliondoka tarehe kumi. Taarifa ya Mpole imebadilishwa. Maneno ya kosa la rubani yamefutwa, na nimemwandikia mama yake mwenyewe, nikamweleza sahihi ilikuwa ya nani. Hajajibu, na simlaumu. Mama yetu pia nimemwambia unachopanda. Hakulia. Alikunja blanketi zote za nyumbani akaziweka kabatini, na sasa hazungumzi na majirani.

Kila simu ikilia ghorofa ya chini naacha kalamu. Katika barua ya kwanza nilikuuliza kama umekasirika, katika ya pili kama unaogopa. Usijibu hayo kama hutaki. Niambie tu kama bado nina mdogo.

Rula


Uwanjani
Tarehe 26 Juni

Dada Rula, shikamoo.

Mabawa yangu yalifika juzi, Grisi akayafunga kwa siku mbili bila kupumzika. Leo asubuhi nimepanda. Nilikwenda juu, nikapinda kushoto, nikavuta mpaka kiti kikaanza kunitikisa. Shina lilitetemeka, ncha ikashika. Nikalegeza, nikavuta tena. Nimefanya hivyo mara sita. Waliokuwa chini walidhani nimepagawa.

Sasa nikuambie kweli. Kreti za kwanza zilipokuja, mimi ndiye niliyewahi ghalani kabla ya wote. Nilikuambia usinitazame, na nilipoandika nilimaanisha. Lakini nilisoma namba kwenye kreti zote nne, nikarudia, halafu nikazizunguka kuona kama umeandika upande wa pili. Nilipoikosa saba, nilikuchukia. Nilikuandikia kwamba umefanya vizuri huku meno yameumana. Kwa siku ishirini na mbili nimeruka nikikuchukia, natazama vipande viwili vya sufu kuliko ninavyomtazama adui. Barua zako tatu sikuzifungua. Nilizisokomeza ndani ya buti la akiba.

Tarehe tisa Bibi Harusi alirudi uso umempauka. Alikuwa amekata kona ile ile ya Mpole, kwa sababu ile ile, mafuta. Alisema ndege ilimtikisa mpaka kofia ikamshuka machoni, akalegeza, akatua. Alinifuata akanishika mikono yote miwili akanishukuru kwa niaba ya dada yangu. Nilimwambia asijali. Hata baada ya hapo sikuzifungua, Dada. Nilijua umefanya sawa na bado nilitaka ungekosea kwa ajili yangu.

Nimezifungua leo, nikiwa bado na vumbi la kiwanja. Ya kwanza inauliza kama nimekasirika. Ndiyo. Ya pili inauliza kama naogopa. Ndiyo, tangu Machi, kila siku, na sikuwahi kumwambia mtu.

Ya tatu nimekaa nayo muda mrefu. Unaye, Dada. Ni mzima, na hasira zimemwisha leo saa nne asubuhi.

Mdogo wako,
Sindano